Fahamu: Filamu fupi kuhusu intaneti ya chini ya bahari
Deep Down Tidal ni filamu fupi ya majaribio ya mwaka 2017, kazi ya msanii Tabita Rezaire. Haina kisa wala wahusika wa kawaida: picha za bahari, michoro ya kompyuta na maandishi hupandana, zikidai kwamba mikongo ya intaneti imefuata njia za meli za utumwa na ukoloni. Picha zake zinashawishi kuliko ushahidi wake.

Mikongo hiyo inagusa hata Kiomboi, mji wa wilaya ya Iramba nchini Tanzania, mbali na pwani. Kabla ya mkongo wa SEACOM kuanza kazi Dar es Salaam Julai 2009, barua pepe za kwenda ng'ambo zilitegemea satelaiti, polepole na kwa bei kali. Siku hizi ujumbe wa Iramba kwenda Ulaya kwa kawaida hupita baharini.