Uyoga haumsubiri mfanyabiashara

Kitu kikizuka ghafla kwa wingi, Waswahili husema kimeota kama uyoga. Jana kichuguu kilikuwa kikavu. Mvua imenyesha usiku, na leo asubuhi kimejaa vichwa vyeupe. Ndiyo maana tangu zamani watu wengi wameuona uyoga kama kitu cha miujiza.

Kwa anayeuza uyoga kutoka Nyakiriba, moja ya sekta 12 za Wilaya ya Rubavu, muujiza huo una upande wa pili. Uyoga huota haraka na kuharibika haraka vilevile, na soko kubwa la karibu, Goma, liko ng'ambo ya mpaka wenye saa zake za kufungua na kufunga. Atakayeelewa saa hizo atapata faida. Asiyezielewa atarudi nyumbani na kikapu kinachonuka.

Chumba badala ya shamba

Rubavu ni wilaya yenye watu wengi na ardhi ndogo. Viazi, maharage na mahindi vinagombania kila kipande cha udongo wa volkano. Uyoga haugombanii udongo huo, kwani huhitaji chumba chenye unyevu, rafu za mbao na usafi.

Mkulima hukatakata mabaki ya mazao, kama vile majani makavu na magunzi ya mahindi, huyalowesha na kuyapika kwa mvuke ili kuua vijidudu. Yakipoa huyachanganya na mbegu ya uyoga na kuyafunga kwenye mifuko, ambayo Wanyarwanda huiita imigina. Mifuko hukaa gizani wiki tatu hadi nne, mpaka utando mweupe uenee kote. Kisha hufunguliwa kidogo, ipate hewa, mwanga hafifu na maji ya kunyunyiziwa. Vichwa vidogo vikishachomoza, mavuno yako karibu: siku chache tu. Mfuko mmoja huweza kuvunwa mara tatu hivi kabla ya kuchoka.

Kwa hiyo mkulima husubiri mwezi mzima, halafu hupewa siku moja ya kuamua. Uyoga huvunwa kabla kingo za kofia hazijajikunja juu. Ukiachwa hadi kesho huwa mgumu na mwepesi, na bei hushuka.

Saa 24 za kikapu

Chukua mfano wa uyoga uliovunwa saa kumi na mbili asubuhi. Bila jokofu una siku moja au mbili za kuonekana mzuri sokoni. Ukikuta mpaka umefungwa saa tisa alasiri, utalala upande huu hadi kesho asubuhi. Saa 15 za kusubiri zimeongezwa juu ya zile tisa za mchana, na siku nzima imekwisha kabla mteja hajauona.

Mfano huo si wa kubuni tu. Juni 2022, baada ya askari wa Congo kupigwa risasi na kufa mpakani Gisenyi, upande wa Congo ulianza kufunga mpaka saa tisa alasiri. Miaka miwili kabla, Machi 2020, korona ilizuia watu kuvuka na kuruhusu mizigo peke yake. Wanawake waliozoea kuvuka na vikapu kichwani walilazimika kukusanya bidhaa zao na kuzipeleka kwa gari moja. Mapigano yalipofika Goma mwishoni mwa Januari 2025, shughuli za mpakani ziliyumba tena.

Mwenye mchele hupata hasara ndogo kwa kuchelewa siku mbili. Mwenye uyoga hupoteza mtaji.

Faida ya kuwa wengi

Kidole kimoja hakivunji chawa, na kwenye uyoga methali hii ina hesabu ndani yake. Wakulima kumi wakianzisha mifuko yao siku moja, wote huvuna siku moja, na soko hujaa kisha hukauka. Wakipangiana zamu, kila mmoja akiachana na mwenzake kwa siku tatu, kikundi huwa na uyoga kila wiki. Hoteli au mgahawa wa Goma humtafuta muuzaji ambaye Jumanne hii atakuwepo, na Jumanne ijayo pia.

Kikundi pia kinaweza kununua kikaushio cha jua. Uyoga mbichi ni maji kwa takriban asilimia 90, hivyo kilo kumi hutoa karibu kilo moja ya uyoga mkavu. Mzigo hupungua, lakini muda huongezeka kutoka siku mbili hadi miezi kadhaa. Uyoga uliokauka vizuri huvunjika kwa mlio. Ukipindika bado una unyevu na utaota ukungu.

Kwa ule mbichi, kanuni ni chache: usiuoshe kabla ya safari, usiufunge kwenye plastiki isiyopitisha hewa, na usichanganye na uyoga wa porini usioujua, kwani mmoja wenye sumu unatosha kuua mtu na kuua jina la kikundi kizima.

Ukielekea Uganda

Anayepeleka uyoga mkavu Kampala akumbuke mambo matatu. Kwanza, saa ya Uganda iko mbele kwa saa moja: saa tatu asubuhi Gisenyi ni saa nne Kampala, ilhali Goma na Gisenyi hutumia saa moja. Pili, Jumuiya ya Afrika Mashariki ina cheti rahisi cha asili ya bidhaa kwa mzigo usiozidi dola 2,000, kwa bidhaa zilizo kwenye orodha. Mizigo ya kikundi ikiunganishwa na kupita kiasi hicho, taratibu hubadilika. Tatu, miongoni mwa Waganda upo ukoo wa Butiko, ambao mwiko wake ni uyoga. Mteja wa ukoo huo akikataa, hajadharau bidhaa yako.

Chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Kabla ya kuvuna, ulizia kwanza mpaka unafungwa saa ngapi leo. Jibu likiwa baya, washa kikaushio, usiujaze kikapu.