Picha Mbili za Novemba 2008

Tarehe 13 Novemba 2008 makundi mawili ya wanaastronomia yalitangaza kwa siku moja jambo lililokuwa limewashinda watangulizi wao. Kundi la kwanza, likiongozwa na Christian Marois wa Kanada, lilionyesha picha ya nyota iitwayo HR 8799 ikiwa na nukta tatu pembeni, likasema kila nukta ni sayari. Kundi la pili, likiongozwa na Paul Kalas wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley, lilionyesha nukta moja karibu na nyota Fomalhaut, nalo likasema ni sayari. Makala zote mbili zilitoka katika jarida la Science.

Leo nukta za HR 8799 zimefika nne na hakuna mtaalamu anayezibishia. Ile ya Fomalhaut haipo tena. Kamera haikudanganya: kitu kilikuwepo, kikafifia, kikatoweka. Hatima hizo mbili zinatufundisha kazi hii ilivyo. Kuinasa nukta kando ya nyota ni nusu ya safari. Nusu ya pili ni kuthibitisha kwamba nukta hiyo ni sayari, na hiyo huweza kula miaka mingi.

Adui ni nuru

Sayari zilizothibitishwa nje ya mfumo wetu wa jua zimekwisha kupita 6,000, na karibu zote hakuna aliyeziona. Zinajulikana kwa athari zake. Nyingine huivuta nyota yake ikayumba kidogo. Kwa njia hiyo Michel Mayor na Didier Queloz waligundua 51 Pegasi b mwaka 1995. Nyingine hupita mbele ya nyota na kupunguza mwanga wake kwa saa chache. Zilizopigwa picha hazifiki 100.

Wengi hudhani kikwazo ni umbali. Umbali umo, lakini si wenyewe unaowanyima wataalamu usingizi. HR 8799 iko umbali wa miaka-nuru 133, yaani nuru yake husafiri miaka 133 kabla ya kutufikia. Sayari yake ya nje kabisa huonekana imeachana na nyota kwa pembe ya takriban sehemu moja kati ya elfu mbili za digrii. Pembe hiyo ni finyu kwa jicho, lakini darubini yenye kioo cha mita 8 au 10 huitenganisha vizuri.

Kikwazo ni mng'ao wa nyota. Mtu aliye mbali akilitazama jua letu, Mshtarii ingekuwa hafifu kuliko jua mara bilioni moja, na dunia yetu mara bilioni kumi. Tena nuru ya nyota haitulii mahali pamoja. Ikipita kwenye hewa inayotikisika na kwenye vioo vya darubini husambaa, ikafunika eneo lilelile ambamo sayari imo. Kwa hiyo fundi wa picha hizi hashughuliki sana na kukuza. Kazi yake kubwa ni kuondoa nuru asiyoitaka huku akiiacha salama ile chache anayoitafuta.

Hatua za kuifuta nyota

Kwanza hutulizwa hewa, au tuseme hurekebishwa madhara yake. Mwaka 1953 Horace Babcock alipendekeza darubini iwe na kioo kinachoweza kubadili umbo papo hapo ili kufuta mitikisiko ya angahewa. Teknolojia ilichukua miongo kadhaa kulifikia wazo hilo. Chombo cha SPHERE, kilichofungwa mwaka 2014 kwenye darubini ya mita 8.2 huko Paranal, Chile, kina kioo chembamba kinachosukumwa kwa nyuma na vijiti zaidi ya elfu moja, na umbo lake hurekebishwa zaidi ya mara elfu moja kwa sekunde. Nuru ya nyota iliyokuwa imetapakaa hurudi kuwa nukta moja kali.

Nukta hiyo ikishakusanyika, huzibwa. Mtu akitaka kumwona mwenzake aliyesimama kando ya gari lenye taa kali usiku, hukinga taa kwa kiganja. Koronagrafu ndiyo kiganja hicho. Ilibuniwa miaka ya 1930 na Mfaransa Bernard Lyot, aliyetaka kuiona korona, yaani tabaka la nje la jua, bila kungoja jua lipatwe. Kizibo cha Lyot kiliziba uso wa jua ndani ya darubini, na vipande vingine vikanasa nuru iliyopinda kingoni. Vizibo vya leo ni vya ustadi zaidi, lakini kanuni ni ileile.

Hata baada ya hayo yote hubaki madoadoa. Ni masalia ya nuru ya nyota yaliyotokana na dosari ndogo za vioo, na ubaya wake ni kwamba kila doa hufanana na sayari. Dawa yake ilielezwa na Marois na wenzake mwaka 2006, na uzuri wake ni kuutumia mzunguko wa dunia. Kwa kawaida darubini kubwa huwa na mtambo wa kuigeuza kamera ili picha ya anga isizunguke kadiri usiku unavyosonga. Wao waliuzuia mtambo huo. Madoadoa, kwa kuwa yanatoka ndani ya darubini, yalibaki palepale katika picha zote. Sayari, kwa kuwa iko angani kweli, ilizunguka polepole kuizunguka nyota kutoka picha hadi picha. Kompyuta ikachukua kile kisichobadilika, ikakitoa, ikazigeuza picha zote zikae sawa, kisha ikazijumlisha. Kilichosalia ndicho kilichochapishwa mwaka 2008.

Msomaji atambue basi kwamba picha ya namna hii haipatikani kwa kubofya mara moja. Ni hesabu ndefu ya kutoa na kujumlisha, na kila hesabu ina uwezekano wa kuacha nukta ya uongo.

Kwa nini sayari changa

Ujanja mwingine ni wa kuchagua pa kutazama. Sayari kubwa ya gesi inapoumbwa, uzito wake hujikusanya na kujibana, na mbano huo huzaa joto. Baadaye hupoa kwa mamilioni ya miaka; Mshtarii yenyewe, yenye umri wa miaka bilioni 4.6, bado hutoa joto zaidi ya lile inalopokea kutoka kwa jua. Ikiwa changa, sayari hung'aa yenyewe katika infraredi, nuru isiyoonekana kwa macho ambayo ngozi zetu huihisi kama joto. Katika nuru hiyo pengo kati ya nyota na sayari hushuka kutoka mara bilioni hadi mara laki moja hivi, na pengine chini ya hapo.

HR 8799 ina umri wa miaka milioni 30 hadi 40 tu. Sayari zake zina uzito wa kati ya mara 5 na 10 za Mshtarii, joto lake hufika mamia ya nyuzi za selsiasi, na zote ziko mbali na nyota yao. Ndiyo maana zilionekana mapema. Lakini pasitokee mtu akadhani kwamba mifumo ya namna hiyo imejaa angani. Tunaona kwanza kilicho rahisi kuonekana. Watafiti wa chombo cha Gemini Planet Imager walipochunguza nyota 300 za kwanza katika orodha yao, walikadiria kwamba katika nyota zenye uzito unaozidi mara moja na nusu ya jua, takriban 9 kati ya 100 zina sayari nzito za mbali za aina hiyo. Kwa nyota ndogo hesabu hiyo iko chini zaidi.

Mtihani wa nukta

Nukta ikishapatikana, maswali matatu huulizwa. Je, inasafiri na nyota? Nyota zote husogea angani kidogo kidogo mwaka hadi mwaka. Nukta ikiwa ni nyota nyingine ya mbali iliyotokea tu nyuma, itaachwa. Ikiwa ni mwana wa nyota ile, itafuatana nayo. Je, inaizunguka nyota kwa obiti inayoingia akilini? Na je, nuru yake ni ya kitu chenye joto na angahewa?

HR 8799 ilifaulu yote. Mwaka 2009 David Lafrenière na wenzake walirudi kwenye picha ambazo darubini ya angani ya Hubble ilizipiga mwaka 1998, wakazisafisha kwa mbinu mpya, wakaikuta sayari ya nje ilikuwamo muda wote huo bila mtu kuitambua. Mwaka 2010 ikapatikana ya nne, iliyo karibu zaidi na nyota. Picha za Keck, darubini ya mita 10 iliyo kileleni mwa Mauna Kea huko Hawaii, zikiunganishwa mwaka baada ya mwaka zinaonyesha zote nne zikienda kinyume na mishale ya saa: ya ndani humaliza mzunguko kwa karibu miaka 50, ya nje kwa zaidi ya miaka 400. Nuru yake ikachambuliwa, ukaonekana mvuke wa maji na kaboni monoksaidi. Mwaka 2025 darubini ya James Webb ikaongeza kaboni dioksaidi, dalili kwamba sayari hizo zina elementi nzito kwa wingi na huenda zilianza kama viini vigumu vilivyovuta gesi, kama inavyodhaniwa kuhusu Mshtarii.

Fomalhaut ilifaulu swali la kwanza: kati ya picha za 2004 na 2006 nukta ilikwenda pamoja na nyota. Ikakwama kwenye la tatu. Ilionekana katika nuru ya kawaida, lakini darubini za infraredi hazikuona joto lolote. Sayari kubwa changa isiyo na joto ni kitendawili. Kisha obiti nayo ikaonekana ndefu kupita kiasi. Kufikia picha za Hubble za mwaka 2014 nukta ilikuwa imekwisha. Mwaka 2020 András Gáspár na George Rieke wa Chuo Kikuu cha Arizona walionyesha kwamba data zote zinaelezeka kwa wingu la vumbi linalotanuka, lililotokana na miamba miwili ya barafu, kila mmoja wa takriban kilomita 200, iliyogongana. Huo nao ni ugunduzi mkubwa, maana migongano ya aina hiyo haijazoeleka kuonwa ikitokea. Ila sayari haikuwepo.

Mfano wa tatu unatoka kwenye anga linaloonekana vizuri kwetu. Jioni za Januari na Februari, ukiitazama Suheli upande wa kusini, nyota waliyoitumia mabaharia wa pwani kujua uelekeo, karibu nayo ipo nyota hafifu iitwayo Beta Pictoris, umbali wa miaka-nuru 63. Kundi la Anne-Marie Lagrange liliona nukta katika picha za 2003, likaitangaza kwa tahadhari mwaka 2008. Mapema 2009 likatazama tena na nukta haikuonekana. Badala ya kukata tamaa likasubiri, na mwishoni mwa mwaka huo nukta ikatokea upande wa pili wa nyota: ilikuwa imepita karibu mno na mng'ao. Kutoweka kwake kukageuka kuwa ushahidi wa obiti. Mwaka 2014 wataalamu wa Leiden, Uholanzi, walipima hata kasi ya kujizungusha kwake, kilomita 25 kwa sekunde, yaani siku yake ni ya saa 8 hivi.

Mpaka ulipofika

Webb imesogeza mpaka. Mwaka 2024 ilitoa picha ya Epsilon Indi Ab, umbali wa miaka-nuru 12 tu, sayari ya makamo yenye uzito wa takriban mara 6 za Mshtarii na joto la karibu nyuzi 2 za selsiasi. Mwaka 2025 kundi la Lagrange likatangaza TWA 7 b, yenye uzito unaokaribia wa Zohali, nyepesi kuliko zote zilizopigwa picha hadi hapo. Darubini ya Nancy Grace Roman, ambayo NASA iliahidi kuirusha kabla ya Mei 2027 kwisha, inabeba koronagrafu ya majaribio inayolenga kuona sayari kubwa kwa nuru zinayoiakisi kutoka kwa nyota, bila kutegemea joto lake. Dunia kama yetu, yenye pengo la mara bilioni kumi, bado haifikiki.

Wakati huohuo kuna nukta moja inayongoja hukumu. Agosti 2024 Webb iliitazama Alpha Centauri A, nyota jirani inayofanana na jua, umbali wa miaka-nuru 4 na ushei, ikaona kitu kinachoweza kuwa sayari yenye uzito kama wa Zohali. Ilipotazama tena Februari na Aprili 2025 haikukiona. Hesabu za obiti zinaonyesha kwamba katika karibu nusu ya njia zinazowezekana, sayari ingekuwa imejificha karibu na nyota katika tarehe hizo, kama ilivyofanya ile ya Beta Pictoris. Inawezekana pia kwamba haikuwepo. Watafiti wenyewe, walipochapisha matokeo Agosti 2025, waliiita mtarajiwa, na jina hilo ndilo linalostahili. Ikionekana tena, upande ambao hesabu zinatabiri, itakuwa sayari. Mwandishi wa habari atakayeipa cheo hicho kabla ya hapo atakuwa amesahau yaliyoikuta Fomalhaut.