Shuka Inanunulika, Ardhi Je?

Ukipita Guangyuan Xilu, hapa Guangzhou, utawakuta ndugu zetu wakifunga mizigo ya kwenda Kariakoo na Eastleigh. Majengo ya barabara hii yamejaa nguo na viatu vya jumla. Shuka za Kimasai nazo hufumwa huku China, na watoto wetu wakitakiwa shuleni kuonyesha utamaduni wa kwao, ndizo za kwanza kutoka kabatini.

Hakuna ubaya. Ila, mzazi mwenzangu, mweleze mwanao kwamba shuka inaweza kufumwa popote, lakini Ngorongoro iko moja tu.

Mwaka 1959 Wamasai waliondolewa Serengeti, wakaruhusiwa kuishi Ngorongoro pamoja na mifugo yao na wanyamapori. UNESCO iliiingiza Ngorongoro katika Urithi wa Dunia mwaka 1979, na mwaka 2010 ikaongeza sababu nyingine: nyayo na mabaki ya binadamu wa kale, Laetoli na Olduvai. Walio hai je? Serikali inasema watu wameongezeka kutoka takriban 8,000 hadi zaidi ya 100,000, na hifadhi imeelemewa. Tangu 2022 familia nyingi zimehamia Msomera, wilayani Handeni. Serikali inasema ni kwa hiari; wenyeji wengi wanasema huduma zilipunguzwa ili wachoke. Agosti 2024 maelfu waliandamana, na Desemba Rais Samia alikutana na wawakilishi wao Arusha, akaahidi tume mbili.

Mimi ni muuguzi, kwa hiyo naanza na afya. Wamasai wana orpul: watu hukaa porini siku kadhaa, wakila nyama na supu iliyochemshwa kwa mizizi na magome ya miti ya dawa. Vijana hujifunza huko mti upi ni wa kifua na upi ni wa tumbo. Somo hilo linahitaji msitu wenyewe. Ukimhamisha mzee hadi mahali asipoijua miti, amebaki na majina yasiyo na kitu cha kuonyesha.

Si jambo la Wamasai peke yao. Mwaka 2017 Mahakama ya Afrika, Arusha, iliamua kwamba Kenya ilivunja haki za Waogiek kwa kuwaondoa Msitu wa Mau, na kwamba kuhifadhi msitu hakukutosha kuwa sababu. Mwaka 2022 ikaamuru walipwe fidia ya zaidi ya shilingi milioni 157 za Kenya na warudishiwe ardhi yao.

Sisi tulioondoka kwa hiari yetu tunajua uzito wa kuwa mbali na kwetu, na bado tuna pa kurudi. Jumapili mkimpigia bibi simu, mwacheni mtoto amuulize: mlima ule unaitwaje, mto ule, mti ule wa dawa? Ayaandike majina hayo kwenye daftari lake.