Mchezaji wa London na Simba wa Isiolo

Mfugaji wa Kulamawe hahitaji kufundishwa simba ni nani. Amekesha mara nyingi kando ya boma la miiba akiwalinda mbuzi na ngamia wake. Kwa hiyo huenda akastaajabu kusikia kwamba mchezaji mmoja mashuhuri wa Uingereza aligeuzwa maisha yake na habari za simba jike wa nchi hii hii.

Bibi huyo ni Virginia McKenna, aliyezaliwa London mwaka 1931. Alijifunza kuigiza chuoni, kisha akaanza kazi katika nyumba ya michezo ya Dundee, huko Scotland. Wasomaji wafahamu kuwa kazi ya jukwaani ni ngumu: neno likisahauliwa, watazamaji wapo wanasikia, wala hakuna kurudia. Mwaka 1955, katika nyumba ya michezo ya Old Vic, alikuwa Rosalind, yule binti wa mchezo wa Shakespeare anayevaa nguo za kiume. Mwaka 1963 aliigiza katika mchezo wa nyimbo uitwao The Beggar's Opera. Mwaka 1979 alikuwa mwalimu wa watoto wa mfalme katika The King and I, pamoja na Yul Brynner, akapata tuzo. Binti, mwalimu, mwimbaji: yote aliyaweza.

Lakini sehemu iliyombadilisha ilikuwa ya sinema. George Adamson, aliyekuwa askari wa wanyama pori katika wilaya za kaskazini, makao yake Isiolo, alimpiga risasi simba jike aliyemrukia mwaka 1956. Simba huyo aliacha watoto watatu. Wawili walipelekwa Ulaya. Wa tatu, Elsa, alilelewa na Bwana Adamson na mkewe Joy, kisha akafundishwa kuwinda, akaachiliwa huru. Kaburi lake liko katika Hifadhi ya Meru, kusini mwa Kulamawe. Bibi McKenna alimwigiza Joy, na mumewe, Bill Travers, akamwigiza George, katika picha ya Born Free iliyotoka mwaka 1966. Ilibidi waishi na simba siku nyingi hata wakazoeana.

Baadaye wawili hao walicheza picha nyingine hapa Kenya pamoja na mtoto wa ndovu aitwaye Pole Pole. Picha ilipokwisha, walipata habari kwamba ndovu huyo angepelekwa London, kwenye bustani ya wanyama. Wakaomba wamnunue. Wakajibiwa kwamba akinunuliwa yeye, atakamatwa mwingine badala yake. Wakaona hawawezi kumwokoa mmoja kwa kumfunga mwenziwe. Miaka mingi baadaye walikwenda kumtazama. Walipomwita, alikuja akanyosha mkonga wake. Mwaka 1983 Pole Pole alikufa, na mwaka 1984 Bibi McKenna na mumewe wakaanzisha chama cha kuwatetea wanyama waliofungwa, ambacho baadaye kiliitwa Born Free. Mwaka 2023 Bibi huyu alipewa heshima ya Dame, nayo haikuwa kwa ajili ya jukwaa, bali kwa kazi yake ya wanyama.

Mfugaji aweza kuuliza: ni rahisi kumpenda simba ukiwa London, lakini nani atalipa mbuzi wangu? Swali hilo ni la haki, na yeyote atakaye simba waishi hana budi kulijibu. Hata hivyo liko jambo la kujifunza kwa Bibi McKenna. Mchezaji huvaa maisha ya mtu mwingine kwa saa mbili, kisha huyavua pamoja na nguo za mchezo, akaenda zake nyumbani. Yeye alipomaliza kumwigiza mwanamke wa Isiolo, hakuyavua.