Jina, Kisa na Ombi: Tungo za Miungu ya Wagiriki Zikisomwa Ukunda

Aliyewahi kukaa kwenye maulidi ya Barzanji, iwe Ukunda, Tiwi au Msambweni, anaijua saa ya kusimama. Msomaji anapofika mahali pa kuzaliwa Mtume, mkeka mzima huinuka. Mrashi hupita ukinyunyizia watu marashi, chetezo hufuka udi, na sauti iliyokuwa ya mtu mmoja huwa ya wote. Kitabu chenyewe kilitungwa Madina katika karne ya 18 na Ja'far al-Barzanji. Ukikisoma peke yako chumbani utayapata maneno yote, na utaikosa karibu nusu ya kilichotokea.

Nusu hiyo inayokosekana ndiyo wataalamu wa tungo za kale za Ugiriki wamekuwa wakiitafuta kwa zaidi ya miaka 200. Wamebaki na maandishi. Waliosimama, walioimba na waliofukiza ubani wamekwisha kufa zamani, na dini yao imekufa nao. Kwa sababu hiyo naamini msomaji wa Kwale, ambaye bado anaishi na sifa zinazosomwa, zinazoimbwa na kuchezwa, anaweza kuzielewa tungo hizo kwa wepesi ambao wasomi wengi wa Ulaya waliupata kwa taabu.

Nifafanue jambo moja mapema, maana ni la itikadi. Mwislamu hamwabudu Mtume. Maulidi ni kumsifu na kumswalia, na wapo mashekhe hapa hapa Pwani wasioyakubali maulidi yenyewe. Mgiriki alimwomba Apollo kama mungu. Ninacholinganisha ni namna mtu anavyosema mbele ya aliye mkuu kuliko yeye: anavyoanza, anavyosimulia, na anavyoifikia haja yake.

Mkusanyo mashuhuri wa Kigiriki una tungo 33 zinazobeba jina la Homer, ingawa wataalamu wa leo hawaamini kwamba alizitunga yeye. Nyingine zina mistari michache tu. Ule wa Apollo una mistari 546. Humo mna kisa cha Leto, mama mjamzito anayezunguka nchi baada ya nchi akitafuta mahali pa kujifungulia, na kila nchi inamkataa kwa hofu ya mtoto atakayezaliwa. Anafika Delos, kisiwa kidogo cha mawe, kisicho na rutuba wala malisho. Kisiwa kinasema kama mtu: kiko tayari, lakini kinaogopa kwamba mtoto akishaona umaskini wake atakipiga teke kizame baharini. Leto anaapa kiapo kikubwa kwamba hekalu la kwanza la mwanawe litajengwa hapo. Kisha uchungu unamshika siku tisa mchana na usiku, kwa kuwa Hera, mke wa Zeus, mwenye wivu, amemzuia mungu wa kike wa uzazi asishuke. Hatimaye anapiga magoti kwenye majani, anaukumbatia mtende, na mtoto anatoka.

Kwa nini mtungaji akae muda wote huo kwenye mapatano ya mama na kisiwa? Kwa sababu waliomsikiliza walikuwa wamekusanyika Delos kwenyewe, kwenye sikukuu. Wengi walikuwa wamevuka bahari pamoja na wake na watoto wao kufika kwenye jabali lisiloota kitu. Kisa kiliwaambia kwa nini wamefika. Mwanahistoria Thucydides, alipoeleza jinsi Athens ilivyoifufua sikukuu ya Delos mwaka 426 KK, aliitoa mistari ya utungo huu kuwa ushahidi wa mikusanyiko ya zamani. Humo humo mtungaji anajitaja: ni kipofu kutoka Chios, na anawaomba wasichana wa Delos wamkumbuke. Msomaji wa tenzi zetu za kale, ambamo mtungaji huweka jina lake mwishoni na kuomba dua, hapo hahitaji maelezo.

Mwaka 1903 msomi Mjerumani Carl Ausfeld alichapisha uchunguzi wa maombi ya Wagiriki na kuonyesha kwamba yamejengwa kwa sehemu tatu. Kwanza unaita, kwa jina na sifa. Kisha unasimulia. Mwisho unaomba. William Furley na Jan Maarten Bremer, katika kitabu chao kikubwa cha mwaka 2001, waliutumia mpango huo kwa tungo nyingi zilizochongwa kwenye mawe au kuhifadhiwa kwenye vitabu.

Sehemu inayowasumbua wasomaji wa leo ni hiyo ya kati. Mtu mwenye shida, anayetaka mvua au afya, ana sababu gani ya kumsimulia mungu mambo ambayo mungu mwenyewe anayajua? Jibu liko mwanzoni mwa Iliad. Kuhani Chryses, ambaye binti yake ametekwa, anakwenda ufukoni kumwomba Apollo, na kabla ya kutaja haja yake anamkumbusha: niliwahi kukuezekea hekalu, niliwahi kukuchomea mapaja ya ng'ombe na mbuzi. Kumbukumbu hiyo ndiyo haki yake ya kusema. Katika tungo nyingine kumbukumbu inahusu fadhila za mungu mwenyewe: uliwahi kutujia, njoo tena. Kisa cha kati ndicho nguzo ya ombi. Ukikiondoa, anayeomba anabaki mgeni asiyejulikana.

Jina nalo lina uzito wake. Wagiriki waliogopa kuita vibaya. Plato anasema kwamba katika maombi ilikuwa desturi kuwaita miungu kwa majina yoyote wanayopenda wenyewe kuitwa, na Aeschylus anaiweka kwaya ikimwita Zeus kwa tahadhari, ikiwa jina hilo linampendeza. Ndiyo maana tungo fupi hujaa sifa zilizorundikana. Msomaji wa haraka huziruka akidhani ni mapambo, kumbe mwimbaji alikuwa akijaribu milango.

Msomi F. A. Wolf, mwaka 1795, alishikilia kwamba tungo zile zinazobeba jina la Homer zilikuwa utangulizi tu: manju alimsifu mungu wa sikukuu, kisha akaingia kwenye utenzi mrefu wa vita na mashujaa. Hata Thucydides alikuwa ameutaja ule wa Apollo kwa jina la utangulizi. Wazo hilo halipaswi kumshangaza anayejua tenzi za Kiswahili, zinazoanza kwa jina la Mungu na sala kwa Mtume kabla ya kisa chenyewe kufunguka. Tungo nyingi za Kigiriki pia humalizika kwa kumuaga mungu na kuahidi wimbo mwingine. Kwa zile fupi namkubali Wolf moja kwa moja. Kwa utungo wa mistari 500 simkubali. Utangulizi wa urefu huo ulikwisha kuwa shughuli inayojitegemea.

Katika mkusanyo huo huo, utungo wa Demeter, mungu wa kike wa nafaka, ulikuwa umepotea hadi mwaka 1777, Christian Friedrich Matthaei alipouona kwenye mswada mmoja huko Moscow. Unasimulia jinsi binti wa Demeter alivyochukuliwa na mungu wa kuzimu akichuma maua, na jinsi mama, kwa huzuni, alivyoizuia ardhi isiote nafaka. Katika maombolezo hayo anafika Eleusis, anakataa divai, anaomba kinywaji cha shayiri, maji na mnanaa. N. J. Richardson, katika ufafanuzi wake wa mwaka 1974, alionyesha kwa makini jinsi vitendo hivi vya mama mwenye msiba vinavyolingana na vitendo vya walioingizwa kwenye ibada ya siri ya Eleusis: kufunga, kukaa kimya, kunywa kinywaji kile. Utungo unasema wazi kwamba Demeter alifundisha ibada, na hapo hapo unasema haziruhusiwi kutolewa nje. Watu wameukamua utungo huu karne mbili wakitaka utoe siri, nao hautoi.

Kutoka Ukunda si mbali kufika Kaya Kinondo, mojawapo ya misitu ya kaya za Wamijikenda iliyoingizwa kwenye orodha ya UNESCO ya urithi wa dunia mwaka 2008. Mgeni hufungwa kaniki kiunoni, huambiwa asitoe kitu ndani, na huonyeshwa miti mikubwa na mapito. Pana mahali asipofikishwa. Anatoka akijua kwamba kuna fingo lililozikwa ili kuwalinda watu, na hajui zaidi ya hapo. Wadigo walio wengi ni Waislamu, na hilo halikuufuta msitu wala heshima yake. Mvua ikikawia, wazee huingia na sadaka, humwita Mlungu, huwataja koma, yaani mizimu ya wahenga, hueleza kilichowaleta, ndipo huomba. Ausfeld angeutambua mpangilio huo bila mkalimani. Ndiyo sababu sikubaliani na wanaosema utungo wa Demeter una pengo kwa kuwa hautoi siri. Kueleza kwa nini ibada ipo na kunyamaza juu ya inavyofanywa ni ukamilifu wake.

Kuna jiwe moja lililofukuliwa Palaikastro, kisiwani Crete, mwaka 1904, ambalo kila nikilifikiria nawaona watu waliolichonga. Lina wimbo wa kumwita Zeus kijana aje kila mwaka, aruke kwa ajili ya mifugo na mazao, miji na vyombo vya baharini. Umechongwa mara mbili, mbele na nyuma, kwa sababu upande wa kwanza ulikuwa na makosa. Jane Harrison, mwaka 1912, aliusoma kama wimbo wa jando: vijana wanaoruka ndio waliomzaa mungu wao kwa mchezo wao. Nadharia yake ilikwenda mbali kuliko ushahidi. Lakini alisisitiza jambo ambalo wengi kabla yake hawakulipa uzito, kwamba maneno yale yalikuwa na miguu, kwamba mtu hasomi wito wa kuruka akiwa ameketi.

Na hapo ndipo muziki unapoingia. Mwaka 1893 huko Delphi, Wafaransa walifukua tungo mbili za Apollo zilizochongwa pamoja na alama za sauti. Angalau utungo mmoja uliimbwa mwaka 128 KK, na kwa alama hizo leo tunaweza kuukaribia mwenendo wa sauti yake. Kwa tungo nyingine karibu zote hatuna hata hilo. Tuna, hata hivyo, sentensi ya Plato katika Ion: watu wa ibada ya Korybantes, waliopandwa na mungu, husikia kwa ukali wimbo mmoja tu, ule wa mungu aliyewapanda, na kwa wimbo huo hupata maneno na mikao ya mwili, nyimbo nyingine hawazijali. Ivan Linforth aliichambua ibada hiyo mwaka 1946, E. R. Dodds akaiendeleza mwaka 1951, na wote walipotaka kuielewa ilibidi waunganishe vipande vilivyotawanyika vitabuni.

Ngoma ya pepo ya kusini mwa Pwani inafanya jambo hilo mbele ya macho. Mganga hujaribu mdundo huu na ule mpaka mgonjwa atikisike. Pepo akishapanda huulizwa jina, na kila kabila la pepo lina nyimbo zake, nguo yake na ubani wake. Roger Gomm aliandika mwaka 1975 juu ya pepo katika eneo hili na kuonyesha jinsi mwanamke asiye na nguvu nyumbani anavyopata, kwa kinywa cha pepo, vitu ambavyo mume angemnyima. Ni kazi nzuri, lakini mkazo wake uko kwenye mapatano ya mke na mume. Nyimbo zenyewe zinahitaji mtu wa kuziandika kama Matthaei alivyounakili utungo wa Demeter, na kwa ukamilifu ambao mswada wa Moscow haukuweza kuwa nao: maneno pamoja na mdundo, rangi ya nguo, kilichofukizwa, nani alianza na nani aliitikia, kwa idhini ya wenye ngoma na kwa kuyaacha wanayotaka yaachwe. Vijana wanaosikia Kidigo tangu utotoni, wenye simu zinazorekodi, wanaweza kuianza kazi hiyo kabla ya mfungo sita ujao.