Mpaka mwisho nitalipa ngapi? Bei halisi ya nyumba ya mkopo

Mtu akienda kuulizia mkopo wa nyumba, swali lake la kwanza karibu siku zote ni hili: "Kwa mwezi nitakatwa shilingi ngapi?" Ni swali la haki. Mshahara una kikomo, watoto wana ada, na wazazi kijijini wanamtegemea. Lakini akiishia hapo, atatoka benki akijua rejesho lake bila kujua bei ya nyumba yake. Rejesho ni kipande cha bei. Bei yenyewe inategemea riba, na zaidi ya riba inategemea miaka.

Nayaandika haya nikiwafikiria hasa wasomaji wa Bariadi. Tangu Simiyu ikatwe kutoka Shinyanga na kuwa mkoa kamili mwaka 2012, Bariadi imekuwa makao makuu, na watumishi wengi wamehamia. Viwanja vimepimwa, mji umetanuka kuelekea Somanda, Sima na Nyakabindi, na hamu ya kuwa na nyumba yako mwenyewe imepanda pamoja na kodi za pango. Zamani ndoto hiyo ilikuwa na mlango mmoja, Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanguka mwaka 1995. Ikapita zaidi ya miaka 10 ambapo mkopo wa nyumba wa muda mrefu ulikuwa jambo la kusikia tu. Mwaka 2008 ikatungwa sheria mahususi ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC, inayozipatia benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kumkopesha mwananchi kwa miaka 15 au 20. Mlango umefunguka tena. Tujifunze kuupita kwa hesabu.

Mstari wa kwanza wa jedwali

Riba za mikopo ya nyumba nchini kwa miaka ya karibuni zimekuwa kwa sehemu kubwa kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Tuchukue 17. Tuseme mwalimu anakopa shilingi milioni 40 kwa miaka 15, riba ikitozwa juu ya salio. Rejesho lake litakuwa takriban shilingi 615,600 kila mwezi.

Sasa aombe jedwali la marejesho, ile karatasi ndefu yenye mistari 180, mmoja kwa kila mwezi. Asome mstari wa kwanza. Asilimia 17 ukiigawa kwa miezi 12, kisha ukaipiga kwenye milioni 40, unapata shilingi 566,667. Hiyo ndiyo riba ya mwezi wa kwanza, na inakatwa kabla ya kitu kingine chochote. Katika zile 615,600 alizolipa, zinazobaki kupunguza deni la msingi ni shilingi 48,900 tu. Mwezi unaofuata riba inapungua kidogo, kwa sababu salio limepungua kidogo, na kipande kinachokwenda kwenye deni kinakua kidogo. Ndivyo inavyoendelea, mstari kwa mstari.

Ashuke hadi mstari wa 60, mwisho wa mwaka wa tano. Hadi hapo ametoa shilingi milioni 36.9. Salio lake linasoma milioni 35.4. Miaka mitano ya makato imepunguza deni kwa milioni 4.6. Wengi wanaofika hapa hudhani benki imekosea au imewadhulumu. Haijakosea. Riba ya kila mwezi imekatwa kwanza, na deni la msingi limeguswa kidogo tu. Katika mkopo huu, ni mpaka mwezi wa 132, mwishoni mwa mwaka wa 11, ndipo sehemu ya rejesho inayopunguza deni inaizidi sehemu inayokwenda kwenye riba.

Akifika mstari wa 180, jumla ya alichotoa ni takriban milioni 110.8. Milioni 40 alizopewa, na milioni 70.8 za riba. Hiyo ndiyo bei.

Miaka ndiyo ghali

Mwalimu wetu akiona rejesho la 615,600 linambana, ataambiwa jambo linalosikika kama msaada: tuongeze muda uwe miaka 20. Rejesho linashuka hadi 586,700. Amepata nafuu ya shilingi 28,900 kwa mwezi. Lakini jumla inapanda hadi karibu milioni 140.8. Nafuu ya pesa isiyofika elfu 30 kwa mwezi ameinunua kwa milioni 30.

Ageuze upande wa pili. Akijibana akamaliza kwa miaka 10, rejesho linakuwa 695,200, yaani kama elfu 80 zaidi ya lile la miaka 15. Jumla inashuka hadi milioni 83.4. Zile elfu 80 za mwezi zimemwokolea milioni 27.

Kwa nini tofauti ni kubwa hivi? Kwa sababu kwa riba ya asilimia 17, deni la msingi linapokaa mwaka mzima bila kupungua, linazaa karibu sehemu moja ya sita ya ukubwa wake. Kila mwaka unaouongeza unalizalisha tena. Kwa hiyo ukiwa mezani na afisa mikopo, pambania riba, lakini pambania zaidi kupunguza miaka.

Mkulima wa pamba na rejesho la kila mwezi

Simiyu ni mkoa wa pamba, na hata mtumishi wa hapa mara nyingi ana shamba lake Itilima, Maswa au Busega. Pesa ya pamba inakuja mara moja kwa mwaka, katikati ya mwaka, kupitia vyama vya ushirika vya wakulima (AMCOS). Benki inadai kila mwezi. Kwa anayetegemea pamba peke yake, rejesho la kila mwezi kwa miaka 15 ni mzigo wa hatari, kwa sababu msimu mmoja mbaya una miezi 12 ya kulipa. Asikubali ratiba isiyofuata kipato chake.

Lakini kwa mwenye mshahara na shamba pamoja, pamba inaweza kuwa silaha. Turudi kwenye mkopo wetu wa milioni 40 kwa miaka 15. Tuseme mwalimu anaendelea na rejesho lake la kawaida, na kila mwisho wa mwaka wa mkopo anapeleka benki shilingi milioni 1 ya pamba, au ya ng'ombe wawili watatu waliouzwa mnadani, ili ipunguze deni la msingi. Mkopo unaisha kwa miaka 10 na miezi miwili. Jumla anayolipa ni kama milioni 84.7. Milioni 10 alizoongeza kidogokidogo zimefuta milioni 26 katika bei ya mwisho.

Kabla ya kufanya hivyo, asome mkataba. Je, unaruhusu kulipa zaidi kabla ya wakati? Kuna tozo ya kufanya hivyo? Na akipeleka ile milioni, aandike barua inayosema wazi kuwa ipunguze deni la msingi, kisha aombe jedwali jipya. Bila maelekezo hayo, pesa inaweza kuhesabiwa kama marejesho ya miezi ijayo, na akaikosa faida yote.

Vitu visivyoandikwa kwenye rejesho

Juu ya riba kuna gharama za mwanzo: ada ya kushughulikia mkopo, mthamini wa nyumba, wakili, usajili wa rehani kwenye hati. Kuna bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Baada ya hapo nyumba nayo ina madai yake: kodi ya ardhi, kodi ya jengo ambayo tangu 2021 inakatwa kupitia umeme, na matengenezo ya paa na rangi. Ziorodheshe zote, uzijumlishe kwenye bei.

Kuna pia mabadiliko ya riba. Mikataba mingi inaipa benki haki ya kuibadilisha. Mkopo wetu ungekuwa na riba ya asilimia 19 badala ya 17, rejesho lingekuwa 673,100. Jiulize leo kama mshahara wako unaibeba hiyo elfu 57 ya ziada, maana siku ikija haitakuuliza.

Na angalia sana aina ya riba. Baadhi ya wakopeshaji, hasa wa mikopo midogo ya ujenzi, hutoza riba isiyopungua: wanaipiga juu ya kiasi ulichokopa mwanzoni, hata kama umeshalipa nusu. Ukikopa milioni 10 kwa miaka mitatu kwa asilimia 12 ya namna hiyo, utalipa milioni 13.6. Kwa hesabu ya riba juu ya salio, hiyo ni zaidi ya asilimia 21. "Kumi na mbili" inayotajwa inaweza kuwa ghali kuliko "kumi na saba" ya jirani. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinakupa haki ya kuelezwa gharama zote kabla ya kusaini. Idai haki hiyo.

Pagale nalo lina bei

Nisieleweke kwamba nawatisha watu wasikope. Wapo wanaosema kukopa harusi, kulipa matanga, wakaamua kujenga kwa mfukoni, tofali kwa tofali. Zunguka viunga vya Bariadi uone matokeo: kuta zilizofika lenta, majani yameota sebuleni, mvua za misimu minne zimekula udongo katikati ya tofali za kuchoma. Mwenye pagale hilo halipi riba, ila analipa kodi ya pango mahali pengine. Kodi ikiwa elfu 150 kwa mwezi na ujenzi ukachukua miaka minane, ameshatoa milioni 14.4 zisizorudi, huku saruji na nondo zikipanda bei na pesa yake imelala ukutani.

Ni haki pia kusema kwamba shilingi ya kesho haina nguvu ya shilingi ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 3 kwa mwaka, rejesho la 615,600 la mwaka wa 15 litakuwa na uzito wa kama 395,000 za leo. Hiyo inampunguzia mkopaji mzigo, lakini asilimia 3 ni ndogo mbele ya 17. Sehemu kubwa ya riba anaibeba kikamilifu.

Kwa familia nyingi za hapa, njia ya kati ndiyo bora. Nunua kiwanja chenye hati na ujenge msingi na kuta kwa akiba, kisha kopa kwa ajili ya kupaua na kumalizia tu. Milioni 15 kwa miaka mitano kwa riba ileile ya asilimia 17 ina rejesho la 372,800 na jumla ya milioni 22.4. Riba ni milioni 7.4. Linganisha na milioni 70.8.

Rehani ni nyumba, na nyumba ni ya familia

Ukishindwa kulipa, Sheria ya Ardhi inaitaka benki ikupe notisi ya maandishi ya siku 60 kabla ya kutumia haki ya kuuza. Sheria hiyo inaitaka pia iuze kwa bei nzuri kadiri inavyowezekana. Usizifiche notisi kabatini. Siku hizo 60 ndizo za kwenda benki kuomba kupanga upya marejesho, ukiwa bado na sauti.

Na nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Ridhaa hiyo isiwe sahihi ya haraka kwenye fomu. Mume na mke wakae na lile jedwali la mistari 180, wasome mstari wa kwanza, wa 60 na wa mwisho, na wote wawili waweze kuitamka jumla bila kuangalia karatasi.

Ndugu msomaji, ukienda benki wiki ijayo, uliza rejesho la mwezi, kisha uliza maswali mengine matatu. Mpaka mwisho nitalipa jumla ya shilingi ngapi, pamoja na ada na bima zote? Nikipunguza miaka mitano, jumla inakuwa ngapi? Nikileta pesa ya ziada, inapunguza deni la msingi? Majibu yaandikwe. Usiposhika karatasi yenye majibu hayo mkononi, usisaini.