Taa za Upande wa Pili wa Ghuba

Mwezi ukiwa mpevu, wavuvi wa Baraka, hapa Ziwa Tanganyika, hupumzika. Ninyi watoto wa ziwani mnajua sababu. Ndagala, wale ambao wenzetu wa Kigoma huwaita dagaa, hufuata mwanga, na mwezi ukishamwaga mwanga wake majini kote, taa ya mvuvi haina kazi tena. Basi husubiri giza. Giza likirudi, mitumbwi hutoka jioni, na kufika saa tatu ziwa limejaa taa.

Usiku kama huo simameni ufukweni mtazame kaskazini, pale Ghuba ya Burton inapofunguka. Taa za karibu mtazihesabu moja moja. Za mbali kidogo zinagusana. Za mbali kabisa hazifanani na taa. Ni kama unga uliomwagika juu ya maji. Mgeni atadhani ni moshi unaong'aa. Ninyi mnajua kwamba pale kuna watu, kila mtumbwi na taa zake, kila mtumbwi na wavu wake. Shikeni hilo, tutalihitaji.

Sasa inueni macho. Novemba, jioni, mashariki juu ya rasi ya Ubwari huchomoza Kilimia, kishada kile cha nyota ambacho jina lake limetokana na kulima. Mwenye macho mazuri huhesabu nyota sita, pengine saba. Mwaka 1610 Mwitaliano Galileo alikielekezea darubini yake ndogo, akachora nyota 36. Leo tunajua zinapita 1,000. Zilizaliwa pamoja kutoka wingu moja na bado zinatembea pamoja, na nuru yake husafiri kama miaka 440 mpaka kutufikia. Nuru, kumbukeni, ndiyo ile inayoweza kuizunguka dunia mara saba ndani ya sekunde moja.

Baadaye, mjini Paris, aliishi Charles Messier, mwindaji wa nyota za mkia. Kila mara alikuta angani kijiwingu hafifu, akafurahi, akakingoja kisogee kama nyota ya mkia inavyosogea, nacho kikakaa palepale. Akachoka kudanganywa. Akaanza kuviandika ili asivikimbilie tena, na orodha yake ya mwaka 1781 ilifika 103. Kilimia chetu ni namba 45. Mimi humfananisha na mvuvi aliyeandika kila mwamba unaochana nyavu, kisha watu wakasahau samaki wake wote wakabaki na ramani yake ya miamba. Mpaka leo wanaastronomia huita vitu hivyo kwa namba alizovipa.

Lakini vile vijiwingu vilikuwa nini? William Herschel, aliyefanya kazi Uingereza na dada yake Caroline, alijenga darubini kubwa kuliko za wenzake. Akavitazama, na vingi vikapasuka kuwa nyota, sawasawa na ule unga wa kwenye maji unavyogeuka taa ukiusogelea kwa mtumbwi. Baadaye wengi wakaamini kwamba kila wingu lingepasuka hivyo, mradi darubini iongezwe ukubwa.

Hapo walikosea. Mwaka 1864 William Huggins aliipitisha nuru ya kijiwingu kimoja katika kioo kinachotenganisha rangi, kama matone ya mvua yanavyofanya upinde. Nuru ya nyota hutandaza rangi zote kwa mfululizo. Kijiwingu kile kilitoa mistari michache tu, alama ya gesi nyembamba yenye joto. Hakukuwa na taa pale. Ulikuwa moshi kweli! Wingu la namna hiyo huitwa nebula. Moja mtaliona bila darubini, kando ya zile nyota tatu zilizojipanga mstari katika kundi la nyota la Jabari, na ndani ya wingu hilo nyota zinazaliwa hata sasa.

Kwa hiyo wingu moja laweza kuwa taa, jingine moshi. Kulikuwa na la tatu, na hilo liliwagombanisha wataalamu mpaka wakati wa babu wa babu zenu.

Mwanzoni mwa Novemba, saa tatu usiku, mvua ikikubali, tazameni tena kaskazini, juu ya mdomo wa ghuba, katikati ya upeo na utosi. Pana doa jeupe refu kidogo. Al-Sufi wa Isfahan aliliandika mwaka 964 akaliita wingu dogo. Ni Andromeda. Halafu geukeni kusini, upande wa milima ya Fizi, mtazame chini zaidi: doa jingine, Wingu Dogo la Magellan. (Jina ni la Mreno aliyesafiri mwaka 1519. Watu wa kusini walikuwa wakiliona siku zote, kama vile ghuba yetu ilivyokuwa na wavuvi kabla Mwingereza Burton, ambaye ghuba ina jina lake, hajaletwa ziwani na wapiga makasia mwaka 1858.) Mtu wa London haoni kamwe hilo la kusini. Sisi tuko nyuzi nne tu kusini mwa ikweta, na tunayaona yote mawili kwa kugeuza shingo.

Na madoa hayo mawili yanahusiana. Huko Marekani, Henrietta Leavitt alichunguza picha za Wingu Dogo zilizopigwa kutoka Peru. Alitafuta nyota ambazo mwanga wake hupanda na kushuka. Mwaka 1912 alionyesha kwamba nyota za aina moja zinazofanya hivyo polepole zaidi ndizo zenye mwanga mkubwa zaidi. Aliwezaje kujua? Fikirini taa za kijiji kimoja cha Ubwari mkizitazama kutoka Baraka. Zote ziko karibu umbali mmoja, kwa hiyo inayoonekana kali ni kali kweli. Na ukishajua ukali halisi wa taa, uhafifu wake hukuambia iko mbali kiasi gani. Huyu mama, aliyelipwa kwa saa, na mshahara mdogo, ndiye aliyewapa wanaume wa darubini kubwa kipimo cha anga. Alifariki mwaka 1921 bila kuona kilichofuata.

Oktoba 1923, kwenye mlima Wilson, California, Edwin Hubble alipiga picha ya Andromeda. Aliona nukta akaiandikia herufi N, akidhani ni nyota iliyowaka ghafla. Alipolinganisha na picha za zamani akaikata herufi ile, akaandika VAR! Ilikuwa nyota ya aina ile ya Leavitt, inayopanda na kushuka. Akakokotoa umbali, akapata miaka ya nuru kama 900,000, nje kabisa ya galaksi yetu, yaani jamii yetu ya nyota. Lile doa lilikuwa galaksi nyingine, ng'ambo ambayo taa zake hazihesabiki.

Hata hivyo hesabu yake ilipungua sana. Leo tunasema ni miaka ya nuru milioni 2.5. Nuru mtakayoiona juu ya mdomo wa ghuba iliondoka kule ziwa letu likiwapo tayari, na juu yake hakuna hata taa moja.